Roketi ya "tatu kwa tatu" na roketi iliyoruka mara 117: ipi ya kuaminika?

Swali: Wanafunzi wangu wa S.5 (kidato cha tano) wanabishana. Kundi moja linasema roketi mpya iliyoruka mara tatu na kufaulu zote tatu ina asilimia 100, kwa hiyo ndiyo bora. Kundi jingine linasema Ariane 5 ya Ulaya, iliyoruka mara 117 na kuharibika mara chache, ndiyo ya kuaminika. Nani yuko sahihi? Kwa nini roketi bado zinaanguka wakati binadamu anazirusha tangu 1957? Na siku Uganda itakapotaka kupeleka setilaiti nyingine angani, mtu aangalie nini? (Mwalimu wa fizikia, Mbale)

Jibu: Mwalimu, kundi la pili liko karibu zaidi na ukweli, ila lisiishie kwenye kuhesabu safari. Tuanze na hoja ya kundi la kwanza, maana ndiyo inayodanganya watu wengi, wakiwemo wenye pesa za kulipia mizigo.

Chukueni roketi mbovu kabisa, ambayo kila safari ina nafasi nusu kwa nusu ya kuharibika. Uwezekano wa roketi hiyo kufaulu mara tatu mfululizo ni 0.5 × 0.5 × 0.5, yaani moja kati ya nane. Hilo si jambo la ajabu. Kwa hiyo anayesema "tatu kwa tatu" hajathibitisha hata kwamba roketi yake si hiyo mbovu.

Kuna kanuni fupi inayofaa kuandikwa ubaoni. Roketi ikiwa imeruka mara kadhaa bila kuharibika hata mara moja, gawanyeni 3 kwa idadi ya safari. Jibu ni kiwango cha juu cha uharibifu ambacho rekodi hiyo bado haijakikataa, kwa uhakika wa asilimia 95. Safari 30 safi: 3/30, yaani huenda roketi bado inaharibika mara moja kati ya kumi. Safari 300 safi: moja kati ya mia. Kwa safari chache sana kanuni hii haifai. Kwa tatu, hesabu kamili inatoa asilimia 63, ambayo haimsaidii mtu yeyote kuamua.

Mkitaka nambari moja ya kulinganisha, ongezeni 1 kwenye safari zilizofaulu na 2 kwenye jumla ya safari, kisha mgawe. Tatu kwa tatu inakuwa 4/5, asilimia 80. Roketi ya Japani H-IIA, iliyostaafu Juni 2025 ikiwa imeruka mara 50 na kushindwa mara moja tu (Novemba 2003, mojawapo ya roketi saidizi za pembeni ilipokataa kuachia), inakuwa 50/52, asilimia 96. Hapo "asilimia 100" ya tatu kwa tatu imeshuka chini ya H-IIA, ambayo kwa hesabu ya kawaida ina 49/50, asilimia 98, na imeshuka kihalali.

Mfano hai ni Vega, roketi ndogo ya Ulaya inayorushwa kutoka Kourou, Guiana ya Ufaransa. Ilianza Februari 2012 na ikaruka mara 14 bila doa. Wengi waliihesabu kuwa imekomaa. Safari ya 15, Julai 2019, ikaharibika. Ya 17, Novemba 2020, ikaharibika. Ya 22, Desemba 2022, ikaharibika tena, safari hii ikiwa toleo jipya la Vega-C. Tatu kati ya nane zilizofuata zile 14. Je, roketi ilibadilika ghafla? Si lazima. Jaribuni hili darasani: kila kundi lipewe mfuko wenye maharage 20, meupe 19 na jekundu moja. Wachomoe harage moja bila kuangalia, waandike rangi, walirudishe, watikise mfuko, warudie hadi mara 14. Karibu nusu ya makundi yatamaliza bila kuona jekundu, kwa sababu 0.95 ikizidishwa mara 14 inatoa 0.49. Kisha wawekeni mekundu mawili badala ya moja. Bado takriban kundi moja kati ya manne litamaliza "bila doa". Mfuko ni uleule tangu mwanzo. Safari 14 hazikutosha kuufahamu.

Sasa hiyo Ariane 5. Iliruka mara 117 kuanzia 4 Juni 1996 hadi 5 Julai 2023. Ilishindwa kabisa mara mbili, 1996 na 2002, na mara tatu ilifika angani ikaacha mizigo katika obiti (njia ya kuzunguka dunia) isiyo sahihi. Mkihesabu zile mbili tu, ni asilimia 98.3. Mkihesabu tano zote, ni 95.7. Wapo wanaohesabu kushindwa nusu kuwa nusu, wanapata 97. Nambari zote tatu ni za kweli, kwa hiyo mkisoma asilimia mahali popote, ulizeni kwanza "kushindwa" kumehesabiwaje. Januari 2018 Ariane 5 iliruka ikiwa imepinda kwa nyuzi 20, kwa sababu kipimo cha mwelekeo kiliingizwa vibaya kabla ya safari. Setilaiti zake mbili zilifika zilikokusudiwa kwa kutumia mafuta yao wenyewe, mafuta yaliyowekwa ili yazitumikie miaka mingi. Mwenye roketi anaweza kusema zimefika. Mwenye setilaiti amekwishakatwa sehemu ya mtaji wake.

Lakini kati ya 2003 na 2017 roketi hiyohiyo ilifaulu mara 82 mfululizo, na 25 Desemba 2021 ndiyo iliyobeba darubini ya James Webb. Huwezi kupata mfululizo wa 82 kwa bahati tu. Hapo kundi la pili lina ushahidi mkononi.

Kuna jambo linalosahaulika kuliko yote: jina la roketi linaweza kubaki lilelile huku chuma kikibadilika. Waganda wana mfano wao hapa. PearlAfricaSat-1, setilaiti yetu ya kwanza, iliondoka 7 Novemba 2022 saa 7:32 mchana kwa saa za Uganda, kutoka Wallops, Virginia, ndani ya chombo cha mizigo cha Cygnus kilichobebwa na roketi ya Antares. Antares hiyohiyo kwa jina, 28 Oktoba 2014, ililipuka sekunde 15 hivi baada ya kuruka na kuangukia karibu na jukwaa lake. Chanzo kilikuwa pampu ya oksijeni ya injini ya AJ26, injini iliyotengenezwa Umoja wa Kisovieti miongo minne nyuma kwa ajili ya roketi ya mwezini, kisha ikafanyiwa ukarabati Marekani. Baada ya ajali hiyo injini hizo ziliondolewa zote, zikawekwa RD-181 mpya. Roketi iliyobeba setilaiti yetu ilikuwa ya kundi hilo jipya, na kundi hilo halikushindwa hata safari moja hadi lilipostaafu Agosti 2023. Kuzichanganya Antares za aina mbili katika asilimia moja ni kosa kwa pande zote: unaionea ile mpya, na unaisafisha ile ya zamani.

Hata safari yetu haikwenda laini kabisa. Wakati vipande vya roketi, ambavyo huwaka kimoja baada ya kingine, vikiachana, kipande cha kitambaa cha kuzuia mtikisiko wa sauti kilichomoka na kunasa kwenye mtambo wa kukunjulia paneli ya jua ya Cygnus. Paneli moja ikakataa kufunguka. Chombo kilifika kituo cha anga za juu kwa umeme wa paneli moja, na tarehe 2 Desemba setilaiti yetu ikaachiwa kutoka maabara ya Japani ya Kibo. Kwenye takwimu, urushaji ule umeandikwa "umefaulu". Ndivyo ulivyokuwa. Ila mhandisi anayesoma takwimu bila kujua habari ya kile kitambaa anajua nusu ya habari.

Hizo safari zilizofaulu zikiwa na kidonda ndizo zinazonivutia zaidi, kwa sababu ndizo zinazoonyesha kilicho ndani. Machi 2016 roketi ya Marekani Atlas V ilizima injini yake ya chini sekunde 6 hivi kabla ya wakati, kwa hitilafu ya vali inayopima mchanganyiko wa mafuta na oksijeni. Kipande cha juu kiliwaka zaidi ya dakika moja ya ziada kufidia, na mzigo ukafika. Oktoba 2024 Vulcan, nyingine ya Marekani, katika safari yake ya pili, ilipoteza nozeli (mdomo wa kutolea moto) ya mojawapo ya roketi zake za pembeni kiasi cha sekunde 37 baada ya kuruka, moshi ukatapakaa, na bado ikaingia obiti sahihi. Zote mbili ni "zimefaulu". Roketi yenye mafuta ya akiba na mfumo wa kuongoza unaojirekebisha inaweza kumeza kosa la aina hii. Isiyo na akiba hiyo, kosa dogo zaidi linaimaliza.

Sasa kwa nini zinaanguka hadi leo? Wengi hudhani ni mlipuko wa injini. Injini zimo, ndiyo, lakini orodha ya visababishi vilivyothibitishwa imejaa vitu vidogo: waya, nati, kishikizo, namba moja kwenye programu.

Safari ya kwanza ya Ariane 5 mwaka 1996 iliishia sekunde 37 hivi. Kompyuta ya kupima mwendo ilikuwa imechukua programu kutoka Ariane 4, roketi ya polepole zaidi. Ariane 5 ikaenda kasi, kipimo cha mwendo wa mlalo kikawa kikubwa kuliko nafasi ya biti 16 kilimowekwa, kompyuta ikajizima. Kompyuta ya akiba ilikuwa na programu ileile, kwa hiyo ilikuwa imejizima kabla yake kwa kosa lilelile. La kusikitisha ni kwamba hesabu iliyoharibika haikuwa na kazi yoyote baada ya roketi kuondoka chini. Waambieni wanafunzi wa kompyuta: akiba inayofanana na ya kwanza katika kila kitu inakulinda dhidi ya kifaa kuchakaa tu. Haikulindi dhidi ya wazo baya.

Vega ya Novemba 2020 ilianguka kwa sababu nyaya za mfumo unaogeuza injini ya kipande cha mwisho ziliunganishwa kinyume. Kompyuta iliamuru kushoto, injini ikaenda kulia, na kila ilipojaribu kurekebisha ilizidisha kosa. Setilaiti mbili, ya Hispania na ya Ufaransa, zikapotea. Proton ya Urusi, 2 Julai 2013, iligeuka kichwa chini mbele ya kamera karibu na jukwaa la Baikonur kwa sababu vihisio vitatu vya kupima mzunguko vilifungwa juu chini. Vilikuwa na alama ya mshale na pini za kuzuia visifungwe vibaya, na wachunguzi walikuta alama za kulazimishwa kwa nguvu. Kwa hiyo kinga ya kimaumbo pekee haitoshi. Lazima pawe na kipimo cha mwisho ambapo mtu anatikisa kifaa kilichokwisha fungwa na kuona kama namba inakwenda upande unaotakiwa.

Falcon 9, roketi ya kampuni ya SpaceX ya Marekani, ilivunjika 28 Juni 2015 kwa sababu ya kishikizo cha chuma kilichoshika chupa ya heliamu ndani ya tangi la oksijeni la kipande cha juu. Kishikizo kilikatika kwa mzigo mdogo sana kuliko kilichothibitishwa kubeba, chupa ikapaa ndani ya tangi, gesi ikafurika, tangi likapasuka. Septemba 2016 nyingine ililipuka ikiwa bado jukwaani, wakati wa kujaza mafuta, baada ya oksijeni baridi sana kunaswa kati ya tabaka mbili za ukuta wa chupa kama hiyo. Baada ya hapo Falcon 9 iliruka zaidi ya mara 300 bila kupoteza mzigo. Kisha Julai 2024 bomba jembamba la kihisio cha shinikizo kwenye kipande cha juu likapata ufa. Klempu yake ilikuwa imelegea, mtikisiko wa injini ukalichosha, oksijeni ikavuja, injini haikuweza kuwaka mara ya pili ipasavyo, na setilaiti 20 za Starlink zikaachwa chini mno hadi hewa ikazishusha. Kihisio kile hakikuhitajika hata kwa usalama wa safari, kwa hiyo suluhisho la haraka lilikuwa kukiondoa pamoja na bomba lake. Roketi ilirudi kuruka baada ya siku 15.

Hizo siku 15 zinasema jambo. Roketi inayoruka mara nyingi hukusanya data kila wiki, na kila kipande cha chini kinachorudi chini kinaweza kufunguliwa na kukaguliwa. Mwaka 2024 pekee Falcon 9 iliruka zaidi ya mara 130, kati ya urushaji wa dunia nzima uliozidi 250. Kwa hesabu ya maharage, mfuko huo umechomolewa mara nyingi sana. Wasiojua huogopa kipande kilichokwisha tumika. Mimi nisingekiogopa: uharibifu wa 2015, 2016 na 2024 wote ulitokea kwenye kipande cha juu, ambacho huwa kipya kila safari na hakirudi kukaguliwa.

Kuhusu injini nyingi: Falcon 9 ina injini 9 chini. Oktoba 2012 moja ilizimika ikiwa njiani, nane zikamaliza kazi na chombo cha mizigo kikafika kituo cha anga za juu. Setilaiti ndogo iliyodandia safari hiyo ndiyo iliyopotea, kwa kuwa mafuta yaliyobaki hayakutosheleza masharti ya usalama ya mteja mkuu. Wanaofikiria kudandia wakumbuke hilo. Kipande cha juu kina injini moja tu, na ikikataa kuwaka hakuna wa kuisaidia, kama ilivyotokea kwa H3 ya Japani Machi 2023 katika safari yake ya kwanza.

Hesabu ya msingi ni ya mnyororo. Tuseme roketi ina vitu 100 ambavyo kimoja kikishindwa safari imeisha, na kila kimoja kinafaulu mara 999 kati ya 1,000. Zidisheni 0.999 mara 100: inabaki 0.905. Vifaa vizuri sana, roketi inayoharibika karibu mara moja kati ya kumi. Daraja likitiliwa shaka huongezewa chuma mara mbili. Roketi haiwezi, kwa sababu kila kilo inayoongezwa kwenye kipande cha juu inaondoa kilo ya mzigo. Ndiyo maana haina unene wa kusamehe makosa, na ndiyo maana safari za kwanza huwa na hatari kubwa. Falcon 1, iliyotangulia Falcon 9, ilishindwa mara tatu kabla ya kufaulu Septemba 2008. Electron ya Rocket Lab, Mei 2017, ilikatishwa safari ikiwa nzima kabisa: kifaa cha mawasiliano cha chini ndicho kilichokuwa na kasoro, na walinzi wa usalama wakapoteza habari za ilipo.

Tuje kwenye setilaiti ijayo ya Uganda. Kama ni ya ukubwa wa PearlAfricaSat-1, mchemraba wa sentimita 10 wenye uzito usiofika kilo moja na nusu, haitapata roketi yake peke yake. Itadandia. Mwulize muuzaji wa nafasi: toleo hili hasa, lenye kipande hiki cha juu, limeruka mara ngapi? Liliposhindwa mara ya mwisho, chanzo kilipatikana, au kiliitwa "kinachodhaniwa"? Tangu hapo limeruka mara ngapi? Chanzo kisichopatikana ni kibaya kuliko ajali yenyewe. Nisingeweka setilaiti pekee ya nchi kwenye safari mojawapo ya tano za mwanzo za roketi yoyote, hata nafasi ikitolewa bure.

Njia ya kupitia kituo cha anga za juu ina faida yake: setilaiti husafiri ndani ya mfuko wenye sponji, kwa hiyo mtikisiko unaoipata ni mdogo kuliko wa ile iliyofungwa moja kwa moja kwenye roketi. Gharama yake ni maisha mafupi, kwa kuwa huachiwa kwenye kimo cha kilomita 400 hivi, ambako hewa bado inaivuta. Kenya ilikwenda njia nyingine: Taifa-1 ilipanda moja kwa moja kwenye Falcon 9 Aprili 2023 pamoja na setilaiti nyingi za wateja wengine. Ukichagua hiyo, dai kiwango cha mtikisiko cha roketi husika kwa maandishi mapema, na ufanye jaribio la mtikisiko kwa kiwango hicho, si kwa kiwango cha roketi nyingine. Mkataba ukihamishiwa roketi nyingine, jaribio linarudiwa.

Weka pia hesabu ya kuchelewa. Vega-C ilikaa chini karibu miaka miwili baada ya ajali ya Desemba 2022. Setilaiti iliyokwisha fungwa ndani ya kasha lake la kuachilia inapoteza chaji ya betri kidogo kidogo, kwa hiyo mkataba useme nani ataichaji, baada ya miezi mingapi, na kupitia soketi ipi. Na kwa setilaiti ndogo za mara ya kwanza kutoka vyuo vikuu, kinachoshindwa mara nyingi si roketi. Ni antena iliyokataa kufunguka, betri isiyochaji, au redio isiyosikika hata kwenye kituo cha Mpoma kule Mukono. Roketi ya asilimia 98 haiokoi setilaiti iliyojaribiwa nusu nusu mezani. Kama bajeti inabana, nafasi kwenye roketi inaweza kusubiri mwaka. Kinachopaswa kulipiwa kwanza ni nakala ya pili ya setilaiti nzima: moja ya kuruka, na moja ya kubaki maabara ili hitilafu ikitokea angani wahandisi waiigize hapa chini na kutuma amri ya kuirekebisha.